Tukuyu kwa siku moja: Nani alibeba mawe?

Mtu aliyezaliwa Kisondela hulipa nauli kwenda Tukuyu kununua sukari, kushonesha sare za shule, au kufuatilia karatasi yenye muhuri. Halipi nauli kwenda kuitazama Tukuyu. Ukimwambia jirani yako kwamba leo unakwenda mjini kuangalia kuta, atakuuliza kama umeanza kuumwa.

Na mimi nilikuwa hivyo hivyo. Mpaka juzi juzi nilipolipa hela yangu, kama mgeni, nikapanda Noah pamoja na wageni wawili kuzungushwa siku nzima kwenye sehemu za kihistoria za wilaya yetu ya Rungwe. Wageni hao ni mume na mke, walimu wastaafu kutoka Hispania. Walikuwa wametoka Malawi kupitia Kasumulu, wakalala Tukuyu usiku mmoja, na kesho yake walikuwa wanaendelea Mbeya. Walikuwa na siku moja tu. Anayewazungusha ni kijana wa hapa hapa, mcheshi, anayejua kila njia ya mkato. Sitamtaja jina kwa sababu ninayoyaandika hapa hayamhusu yeye peke yake. Yananihusu mimi na wewe.

Tukiwa tunasubiri ukungu upungue, yule mama wa Kihispania akanisimulia habari za kwao. Kule, alisema, safari za namna hii ni jambo la kila siku. Mabasi yanatoka Madrid asubuhi, yanapeleka watu Toledo, ambako ni kama kilomita 70, au Segovia, ambako hazifiki 100, na jioni yanawarudisha. Mwenye kuongoza hutembea mbele na mwavuli juu ili watu wake wasipotee. Segovia watu huenda kushangaa mfereji wa maji uliojengwa na Warumi, mawe yamepangwa juu ya mawe bila saruji wala udongo, na umesimama kwa karibu miaka elfu mbili.

Lakini mama huyu alisema jambo jingine. Pale Toledo kuna jengo linaitwa Santa María la Blanca. Jina ni la kanisa, na liligeuzwa kuwa kanisa kweli, lakini mwanzoni lilikuwa sinagogi, nyumba ya ibada ya Wayahudi. Mafundi walilijenga kwa mtindo wa Waislamu. Na Wayahudi wenyewe walifukuzwa Hispania mwaka 1492. "Ukiingia na mtu asiyejua," akasema, "utaona nguzo nyeupe nzuri, utapiga picha, utatoka. Ukiingia na anayejua, hutalala vizuri usiku huo."

Nikalichukua neno hilo nikaliweka mfukoni. Sikujua kama litanihitaji kabla jua halijazama.

Tulianzia bomani. Haya mambo ya boma kila Mtanzania anayafahamu kijuujuu: Mjerumani alikuja, akajenga, akaondoka. Kwa upande wetu ilikuwa hivi. Wajerumani walianza utawala wao wa pande hizi huko chini, kando ya Ziwa Nyasa, mahali walipopabatiza jina la Langenburg. Ni jina la ukoo wa mwanamfalme wao, Hohenlohe-Langenburg, aliyekuwa kiongozi wa chama chao cha makoloni. Joto na homa za ziwani ziliwachosha. Karne ya 20 ilipokuwa inaanza wakahamia huku juu kwenye baridi, na kilima chetu cha Tukuyu kikaandikwa kwenye ramani kuwa Neu-Langenburg, yaani Langenburg Mpya. Ilikaa na jina hilo mpaka mwishoni mwa Mei 1916, majeshi ya Uingereza yakiongozwa na Jenerali Northey yalipovuka mpaka kutoka Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini na kuingia mjini. Baada ya hapo Langenburg ikafa, Tukuyu ikabaki.

Kijana wetu alieleza vizuri. Akamalizia: "Kwa hiyo boma hili lilijengwa na Wajerumani."

Yule mama akauliza, kwa upole kabisa, "Wajerumani wangapi?"

Kijana akacheka. "Wachache tu, mama."

"Basi walikuwa na nguvu sana," akasema mama. Akaenda kugusa ukuta.

Ndugu zangu, nilisimama pale na aibu yangu. Maana swali lile ni rahisi kuliko maswali yote, na sijawahi kulisikia likiulizwa darasani. Maofisa wachache wenye kofia hawabebi mawe ya ngome. Mawe hayo yalibebwa. Yalibebwa na watu waliokuwa na majina, na majina hayo bado yanaitwa katika wilaya hii kila siku asubuhi shuleni.

Walibebaje? Serikali ya Kijerumani ilitangaza kodi ya nyumba, ikaanza kukusanywa mwaka 1898. Kiwango cha kawaida kwa nyumba ya kijijini kilikuwa rupia 3 kwa mwaka. Sasa jiulize, mtu wa Rungwe wa wakati ule alikuwa na ng'ombe, alikuwa na ndizi, alikuwa na maharage. Rupia angeitoa wapi? Rupia ilikuwa kwa Mjerumani mwenyewe. Asiyekuwa nayo alilipa kwa mgongo wake: kazi ya boma, kazi ya barabara, kubeba mizigo. Hata meli ya Wajerumani, Hermann von Wissmann, iliyoanza kuelea Ziwa Nyasa mwaka 1893, haikufika kwa kuelea njia yote. Ilisafirishwa vipande vipande kutoka pwani, na pale mto Shire unapokuwa na maporomoko, vipande vilipita nchi kavu kwa nguvu za watu. Chombo cha chuma cha Ulaya kilifika ziwani kwa jasho la Waafrika.

Haya, tukaondoka bomani, tukaelekea kaskazini kwenye misheni ya Rungwe. Njia hiyo mnaifahamu. Chai kushoto, migomba kulia, na mlima wenyewe mbele, karibu mita 2,960, umejifunika shuka la mawingu kama kawaida yake. Kijana wetu akawaeleza wageni habari za kipunji, yule nyani ambaye wanasayansi "walimgundua" mwaka 2003 katika msitu wa mlima huu, wakamtangaza kwa dunia mwaka 2005, na mwaka 2006 wakampa jina la kitaalamu la Rungwecebus. Nikamwongezea: na jina kipunji walilitoa wapi? Kwa wawindaji wa hapa, ambao walikuwa wanamfahamu siku zote. Mama akanitazama akatabasamu. Nadhani aliona nimeanza kuelewa somo.

Misheni ya Rungwe ilianzishwa mwaka 1891 na Wamoravian kutoka Ujerumani, akina Theodor Meyer na Theophil Richard. Mwaka huo huo Alexander Merensky, mtu wa misheni ya Berlin aliyekuwa amefanya kazi miaka mingi Afrika Kusini, naye aliingia upande wa mashariki na wenzake. Wote walipita njia ya Zambezi, Shire na ziwa. Ili wasigombanie roho za watu wakagawana nchi, na mto Mbaka ukawa mpaka: Wamoravian magharibi, Berlin mashariki huko Manow na Mwakaleli, ambako siku hizi ni Busokelo. Mpaka leo ukiuliza kwa nini ukoo huu ni Wamoravian na ule ng'ambo ya mto ni Walutheri, jibu moja ni hilo. Wazee wa watu wazima hawakuchagua dhehebu. Walichaguliwa na mto.

Kijana wetu aliwaonyesha wageni majengo, akataja wamisionari kwa majina, na tarehe zao. Majina hayo yapo kwenye vitabu, kwa hiyo anayafahamu. Mimi nikauliza: na Fyabarema?

Hakumjua. Simlaumu, mimi mwenyewe nimemjua ukubwani, kwa kusoma. Fyabarema alikuwa mwanamke, na ndiye anayetajwa kuwa wa kwanza kubatizwa na Wamoravian katika nchi hii ya Unyakyusa, mwaka 1897. Fikirieni. Wamisionari walikaa miaka karibu sita, wakihubiri, wakizika wenzao, wakijifunza Kinyakyusa, na hawakupata hata mtu mmoja. Wa kwanza akawa mwanamke. Jina lake jipya la ubatizo likawa Numwagile, yaani nimempata. Kanisa la Moravian la kusini lilivyo kubwa leo, mwanzo wake una sura ya mama mmoja, na katika safari ya kulipia hatajwi.

Kuna jambo jingine ambalo majengo yale hayasemi. Baada ya 1916 wamisionari wa Kijerumani waliondolewa na Waingereza kwa kuwa ni raia wa adui. Waskoti wa misheni ya Livingstonia kutoka Nyasaland walipewa kuangalia, lakini walikuwa wachache na walikuwa mbali. Wajerumani hawakurudi mpaka miaka ya katikati ya 1920. Kwa karibu miaka kumi waliofundisha watoto, waliozika wafu na kupiga kengele Jumapili walikuwa walimu na wainjilisti wa hapa hapa. Kanisa halikufungwa. Hilo nalo ni historia, au si historia?

Tukala mchana. Wageni waliletewa mbalaga wakaisifu mpaka mpishi akatoka jikoni kuja kusikia mwenyewe. Ndipo yule mzee wa Kihispania, ambaye alikuwa hajasema sana tangu asubuhi, akaweka kijiko chini akauliza: "Kabla ya mwaka 1891, hapa kulikuwa na nini?"

Kijana akafikiri kidogo. "Msitu," akasema. "Msitu na wanyama."

Na mimi nikanyamaza. Hilo ndilo linaloniuma mpaka leo ninapoandika. Nilikuwa na jibu, lakini nilinyamaza kwa sekunde kadhaa, kwa sababu hata mimi nilianza kutafuta kichwani jengo la kuwaonyesha, na jengo halikuwepo.

Sasa acheni niseme nilichopaswa kusema palepale.

Mwaka 1877 Mwingereza Frederic Elton alipita nchi hii. Mwaka 1879 akapita Joseph Thomson, kijana wa Kiskoti. Thomson hakuandika kwamba aliona msitu na wanyama. Aliandika kwa kustaajabu habari za migomba iliyotunzwa, nyua zilizofagiliwa, na nyumba safi za mianzi. Alikuwa ametembea nchi nyingi kufika hapa, na hii ilimshangaza.

Ajabu kubwa zaidi ilikuwa namna watu walivyokaa. Vijiji vya Wanyakyusa havikuwa vya ukoo. Vilikuwa vya rika. Mvulana akifika miaka kumi au kumi na moja aliondoka kulala kwa baba yake, akaenda na wenzake kujenga vibanda vyao pembeni. Walirudi kwa mama zao kula, kwa kundi, leo kwa mama huyu, kesho kwa yule. Kibanda kilikua kikawa kijiji. Wakioa, wake zao walihamia hapo. Wakati ukitimia, karibu mara moja kwa kila kizazi, kulikuwa na sherehe kubwa ya kukabidhiana: wazee waliachia ardhi na utawala, vijana wakapokea, na nchi ya malafyale ikagawanywa kwa wanawe wakubwa. Baba akasogea pembeni akiwa hai, akamtazama mwanawe akitawala.

Hebu fikirini jambo hilo kwa Afrika ya leo. Wazee kuachia madaraka wakiwa hai, kwa tarehe, kwa sherehe!

Si mimi ninayebuni. Godfrey na Monica Wilson walikaa katika wilaya hii kati ya 1934 na 1938, wakaandika. Kitabu cha Monica Wilson cha mwaka 1951, Good Company, kimesomwa na wanafunzi wa vyuo vikuu duniani kote. Mwanafunzi wa London anaweza kujua vijiji vya rika vya Rungwe kuliko kijana anayeuza vocha Tukuyu.

Na karibu na Tukuyu, pale Lubaga, palikuwa na makao ya Lwembe. Huyu hakuwa malafyale wa kawaida. Alikuwa mtu mtakatifu wa mvua na rutuba, aliyeheshimiwa na nchi nyingi kuliko alizotawala, na ndugu yake wa upande wa pili alikuwa Kyungu wa Wangonde, kule Karonga. Watu walimwogopa na kumtegemea. Wakuu walipokufa walizikwa, na juu yao miti iliachwa iote bila kukatwa. Kile ambacho mgeni anakiona ni kichaka cha miti mirefu katikati ya mashamba, kwa watu wetu ni kaburi, ni hekalu, na ni kumbukumbu.

Mmeona shida yetu? Mianzi inaoza. Udongo unarudi kuwa udongo. Kijiji cha rika kinahama wenyewe wanapokufa. Waliojenga kwa mawe tunawaona, waliojenga kwa mianzi hatuwaoni, halafu tunasema hapakuwa na kitu. Sisi tuliacha miti. Na mti, mwenye shida ya mbao au mkaa hausomi kama kitabu. Anausoma kama hela.

Hela! Neno hilo linanipeleka Masoko.

Masoko iko kama kilomita 15 kutoka Tukuyu, kusini mashariki. Kuna ziwa dogo la duara, limekaa ndani ya shimo la volkano, maji yametulia, miti imelizunguka. Juu yake kuna jengo la mawe la Wajerumani. Hapa ndipo ilipokuwa kambi ya Kampuni ya 5 ya jeshi lao la Afrika Mashariki. Vita Kuu ilipoanza mwaka 1914, kampuni hii ilitoka ikavuka mto Songwe kwenda kuipiga Karonga tarehe 9 Septemba. Ilishindwa, ikarudi na majeruhi wengi. Baada ya vita jengo liliwahi kutumika kama mahakama.

Kijana wetu hapa alikuwa kwenye uwanja wake. Akasimulia hadithi ambayo kila mtoto wa Rungwe anaijua: Waingereza walipokaribia mwaka 1916, Wajerumani wakatupa hazina yao yote ziwani, fedha, silaha, masanduku. Mpaka leo iko chini humo. Na kama ushahidi, vijana wawili wakatokea kwenye miti na viganja vilivyojaa sarafu.

Nikanunua moja. Sitasema kwa bei gani, mtanicheka. Ni ya heller 10, ya mwaka 1910, ina tundu katikati. Heller zilianza kutumika katika koloni hili mwaka 1904, 100 zikiwa rupia moja. Ndiyo hizo tulizozikataa kuziita kwa Kijerumani tukaziita hela. Wajerumani wameondoka zaidi ya miaka mia moja iliyopita, lakini kila ukimwambia mtu "sina hela" unataja sarafu yao.

Mzee wa Kihispania akaishika, akaipitisha kwenye mwanga, akauliza: "Hazina ya nani?"

"Ya Wajerumani," akasema kijana.

Safari hii sikunyamaza. Nikatoa kalamu, tukapiga hesabu juu ya boneti la gari. Kodi ni rupia 3. Rupia moja ni heller 100. Kwa hiyo kodi ni heller 300. Sarafu kama hii ni 10. Zinatakiwa sarafu 30 za namna hii kwa nyumba moja kwa mwaka mmoja. Kama kweli kuna sanduku la fedha chini ya ziwa la Masoko, halikutoka Berlin likiwa limejaa na kuja kukaa hapa kwa mapambo. Sarafu zilitengenezwa Ujerumani, ndiyo. Lakini zilipita mikononi mwa watu wa hapa, zikarudi bomani kama kodi, na nyuma ya kila moja kuna siku ambayo mtu alibeba kitu, alilima shamba lisilo lake, au aliuza ng'ombe ambaye hakutaka kumuuza.

Kila baada ya muda utasikia watu wanataka kuzamia ziwani kutafuta hazina ya Mjerumani. Nawaambia, hata kama haipo hata senti moja, hazina ilikuwepo, na ilikuwa ya bibi na babu zetu. Hilo ndilo la kumwambia mgeni pale Masoko. Kijana wetu aliangalia ile hesabu kwa muda mrefu, kisha akaipiga picha kwa simu yake.

Kituo cha mwisho kilikuwa upande wetu wa kusini, maporomoko ya Kaporogwe. Nilifurahi, maana nilikuwa narudi nyumbani. Maji yanaanguka kwa kishindo, na nyuma yake kuna pango unaloweza kuingia ukasimama, ukaitazama dunia kupitia pazia la maji. Kijana akasema, kama wanavyosema wote, kwamba hapa Wajerumani walijificha wakati wa vita.

Kulikuwa na bibi mmoja pembeni na beseni la ndizi mbivu. Alikuwa anatusikiliza. Akasema kwa Kiswahili, taratibu, bila kumwangalia mtu:

"Mjukuu wangu, Mjerumani alikuwa na bunduki. Mwenye bunduki anajificha nini? Waliojificha ni wanaume wetu."

Kijana akamsogelea. "Walijificha nini, bibi?"

"Mizigo."

Nilimpisha akae kwenye jiwe langu. Akatueleza alichoambiwa na bibi yake, kwamba vita ilipofika huku watu hawakuogopa risasi sana. Waliogopa kukamatwa kubeba. Mjerumani alikamata watu wambebee alipokuwa anakimbia, Mwingereza akakamata wengine wambebee alipokuwa anafukuza. Mwanamume akisikia filimbi analala nje, porini, mtoni, popote. Aliyechukuliwa, mke wake hakujua alie msiba au asubiri. "Wengine walisubiri," akasema bibi, "mpaka wakazeeka."

Siwezi kuthibitisha nani alilala katika pango lile usiku upi. Lakini vita aliyoisema bibi ni ya kweli kabisa. Majeshi ya Northey yalitegemea wapagazi, waliojulikana kama tengatenga, kwa sababu barabara za magari hazikuwepo na wanyama walikufa kwa mbung'o. Katika vita ile nzima ya Afrika Mashariki Waingereza walitumia wapagazi wanaokadiriwa kuwa zaidi ya milioni moja, na wanahistoria hutaja vifo vinavyokaribia 100,000, wengi kwa kuhara, homa ya mapafu na njaa, si kwa risasi. Hao ni wa upande wa Uingereza tu. Wa upande wa Mjerumani hata kuhesabiwa hawakuhesabiwa sawasawa. Askari Mzungu aliyekufa pande hizi kaburi lake lina jiwe na jina. Mpagazi wa Rungwe kaburi lake ni njia aliyoangukia.

Yule mama wa Kihispania aliomba atafsiriwe yote. Alipomaliza kusikiliza alimshika bibi mkono, wakakaa hivyo, hawana lugha moja. Baadaye ndani ya gari akaniambia: "Leo nimeona Toledo."

Ndugu zangu, sitaki mtu aelewe kwamba namlaumu kijana wetu. Anafanya kazi halali, anaamka mapema, anasema anayoyakuta kwenye vitabu vya wageni. Sisi ndio tuliompa vitabu vya wageni peke yake. Bibi yuko mita ishirini kutoka kwenye pango, amekaa na beseni lake miaka yote, na hakuna aliyewahi kumuuliza. Sio mwongozaji, sio mwandishi, sio mimi niliyezaliwa huku huku na kujiita mwanahabari. Imebidi atoke mtu Hispania.

Kwa hiyo nina mambo matatu ya kuwaomba.

La kwanza, kwa wenye kuongoza wageni. Msiache kutaja Wajerumani, tarehe ni tarehe. Lakini kila mnaposimama mbele ya ukuta, jibuni maswali haya kabla hayajaulizwa: nani alibeba mawe, nani alilipa, na nani alikuwa hapa kabla. Mkikosa jibu, semeni hamna, halafu mkalitafute.

La pili, kwa wazee wetu na wanaowatunza. Mzee anayejua msitu upi ni kaburi la mkuu yupi, alipwe kama anavyolipwa dereva. Mgeni akilipia mafuta ya gari, kwa nini asilipie kumbukumbu? Bibi wa Kaporogwe siku ile aliuza ndizi za shilingi elfu mbili. Maneno yake ndiyo wageni waliyoondoka nayo.

La tatu, kwa vijana wenzangu. Chukua siku moja. Sio lazima upande Noah. Panda bodaboda, au tembea. Nenda kwenye kile kichaka cha miti mirefu ambacho umekatiza pembeni yake maisha yako yote ukienda shule, umuulize mzee wa karibu kwa nini hakijakatwa. Nenda kabla hakijakatwa, na kabla mzee hajafa. Kimoja kitatangulia, na hatujui ni kipi.

Jumapili iliyopita nilirudi Kaporogwe na daftari. Nilidhani nimewahi. Nikamkuta kijana wetu wa Noah amekaa chini kwenye nyasi, bila wageni, simu imewekwa juu ya beseni la ndizi inarekodi, na bibi anaongea Kinyakyusa haraka haraka huku akimgonga goti kila akikosea kuelewa.

Sikuwakatiza. Nilikaa pembeni, nikatoa ile sarafu yangu yenye tundu, nikaanza kuandika.